Mzee wa Wimbo wa Tatu

Siku ya tatu baada ya kumzika baba mdogo Gaudensi, mjane wake aliniita chumbani, akafunga mlango, akavuta kutoka chini ya godoro kitu bapa kilichofungwa kwa kipande cha kanga.

"Alisema hiki ni chako," aliniambia. "Alisema pia usipewe yeye akiwa hai."

Nilijua ni nini kabla sijafungua fundo. Pua ndiyo iliyoniambia. Kulikuwa na harufu ya moshi wa jikoni kwa bibi yangu, moshi wa magunzi na mabua, harufu ambayo nilidhani imekwisha duniani. Mimi mwenyewe ni bibi sasa, magoti yananisumbua, lakini nilikaa sakafuni pale kwao Mazwi, mjini Sumbawanga, kama mtoto anayesubiri kuchapwa.

Lilikuwa jalada la santuri. Santuri yenyewe haikuwemo. "Ya ndani sijaiona tangu anioe," mama mdogo alisema. "Na muziki hakutaka usikike humu, hata wa kwaya." Juu ya jalada walikuwepo watu wale wale, wamejipanga barabarani na tarumbeta zao, na magodoro na vifurushi vimewazunguka, kama wanaosubiri lori. Utotoni niliwajua wote kwa sura. Mwenye kofia niliamini ni mwizi, na yule mnene wa pembeni niliamini anafanana na katekista wetu. Nilishangaa kuona bado ananifanya nitake kucheka.

Wenzangu wa rika langu mtakumbuka kwamba enzi zile kitu cha mgeni kikifika kijijini kilikuwa cha kijiji kizima. Baba mdogo alikuwa dereva wa Landrova ya watu wa visima, pale Sumbawanga. Bosi wake alikuwa mtaalamu kutoka visiwa vya mbali ng'ambo ya Atlantiki, mtu mweusi kama sisi lakini asiyejua Kiswahili, na Kiingereza chake cha kuokoteza. Watu wa Milanzi, pembeni mwa mji, walimwita Mzungu Mweusi, naye akaitika. Mkataba wake ulipokwisha alimwachia dereva wake gramafoni ya kutumia mawe ya redio, yaani betri, pamoja na santuri moja. Baba mdogo alikuwa kapera mwenye chumba cha kupanga ambacho mlango wake ulifungwa kwa kamba. Akaona heri vitu hivyo vikae kwa mama yake, kijijini kwetu, mwendo wa asubuhi nzima kwa miguu kutoka Milanzi.

Muziki ule unaitwa salsa. Neno hilo nililijua nikiwa mtu mzima. Sisi tulisema tu "wale wageni", kwa sababu bibi ndivyo alivyowaita tangu siku ya kwanza. Kila wimbo ulianza na vijiti viwili vya mti mgumu vikigonganishwa, ko, ko, ko, kisha kimya kidogo, ko, ko. Na kwetu Ufipa mtu wa heshima haamkiwi kwa mdomo mtupu. Unachuchumaa, unakunja viganja kidogo ili vitoe sauti nzito, unapiga makofi taratibu, naye anakuitikia kwa makofi yake. Asiyeitikia amekufanya mbwa.

Basi baba mdogo alipoweka sindano na vijiti vikalia, bibi aliutua ungo wa ulezi, akachuchumaa mbele ya gramafoni, akaitikia. Tuliangua kicheko. Yeye hakucheka.

"Wametoka mbali, na wametuamkia vizuri," alisema. "Ninyi mliokwenda shule ndio mmepoteza adabu?"

Tangu siku hiyo hakuna aliyeruhusiwa kucheza kabla hajachuchumaa na kuitikia. Na kwa kuwa vijiti viliendelea kulia wimbo mzima chini ya ngoma na vinanda, bibi aliwahurumia wale watu. "Hawachoki kuamkia," alisema. "Kwao lazima wakubwa ni wengi mno."

Ndani ya jalada kulikuwa na karatasi kubwa yenye maneno ya nyimbo zote kwa lugha yao. Wakiwa safarini, yule mgeni alimweleza baba mdogo kila wimbo unahusu nini, na baba mdogo akaandika pembeni kwa penseli. Hazikuwa nyimbo za mapenzi. Wa kwanza: Mfungwa anamwandikia mama yake. Wa pili: Sukari imepanda, mwenye shamba ananenepa. Wa tatu: Mzee akataa kuhama kwake. Wanamjia na magari. Wa nne ulikuwa wa msichana wa kiwandani, na kuendelea. Mimi nilikuwa darasa la tatu, na katika nyumba ya bibi ndimi pekee niliyejua kusoma, kwa kuwa baba yangu, mwanawe mkubwa, alijua kuandika jina lake tu. Kwa hiyo nilikuwa mtu mkubwa. Bibi alinipa kigoda, nikamsomea mistari ile tena na tena kama Injili.

Aliupenda wimbo wa tatu. Ulianza polepole, na sauti moja ya mwanamume mzima, nzito, isiyo na haraka. Bibi alikuwa akiniuliza huyo mzee alilima nini. Nilimjibu kuwa haikuandikwa. "Ulezi," alisema. "Sauti hiyo ni ya mtu wa ulezi."

Habari za kuhama zilitufikia wakati wa mavuno. Kijiji kipya kingekuwa barabarani, nyumba zimepangwa mistari, na kutakuwa na shule, zahanati na bomba. Sitaki kujifanya sikula matunda yake. Shule ilikuja kweli na ndiyo iliyonifikisha nilipo. Lakini bibi alikuwa na ntumba zake. Asiyelima kwetu hawezi kujua uchungu wake. Mvua zinapokaribia kwisha, unalima nyasi mbichi na udongo wake, unazifunika ndani ya kichuguu cha duara kinachofika gotini, unaacha vioze kiangazi kizima. Mvua mpya zikinyesha unavibomoa, unatandaza, ndipo unapanda. Bibi alikuwa na vichuguu hivyo kilima kizima, amevijenga kwa mikono yake, navyo vilikuwa ndiyo kwanza vinaiva.

"Waje baada ya kupanda," alimwambia baba. "Udongo ulioiva hauachwi."

"Mama, hawa hawaulizi udongo."

"Basi wana njaa ya kujitakia."

Walibishana hivyo siku nyingi. Mwishowe baba alinichukua shambani, akaniketisha juu ya kichuguu kimoja, akanisemesha kama mtu mzima mwenzake. Nakumbuka alikuwa akibonyeza udongo kwa kidole gumba huku akizungumza.

"Bibi yako ananisikiliza mimi?"

"Hapana, baba."

"Anamsikiliza nani?"

Nilitazama miguu yangu, kwa maana nilijua.

"Amekazana na yule mzee wa kwenye santuri," baba alisema. "Kila nikisema neno, ananiambia yule mzee alikataa. Sasa mwambie umesoma vizuri, umeona mwishoni alihama. Akapewa kiwanja kizuri, karibu na maji. Umenielewa? Wewe ukisema, atahama."

Nilimwitikia baba. Lakini mwaka ule nilikuwa kwenye mafundisho ya komunyo ya kwanza, na katekista alikuwa ametuhesabia dhambi kwenye vidole vyake vinene. Uongo ulikuwa kidole cha kati. Niliona njia moja tu ya kuwa mtoto mwema kwa wote wawili, nayo ilikuwa kutafuta ukweli. Kama mzee alihama kweli, nitasema alihama. Nikayaanika mawe ya gramafoni juani mchana mzima ili yapate nguvu, nikamngoja bibi aende kisimani, nikaupiga wimbo wa tatu peke yangu mara tatu, sikio langu karibu liguse sahani.

Maneno sikuyaelewa. Lakini katikati ya wimbo sauti ya mzee ilikatika ghafla, na baada ya pumzi moja zikaingia tarumbeta. Zilipasuka kwa furaha. Watu wengi wakaitikia kwa pamoja, ngoma zikakimbia, mtu mmoja akapiga ukelele, hadi mwisho wa wimbo ikawa sherehe tupu. Nilicheza. Nilikuwa na miaka tisa, na katika miaka hiyo tisa sikuwahi kuona watu wakicheza namna ile mtu wao akiwa ameshindwa. Nikapata ukweli wangu.

Bibi aliporudi, kabla hajatua mtungi, nilimwambia, "Bibi, nimejua mwisho. Mzee alishinda. Walimwacha kwake, na majirani wakaja kucheza."

Aliutua mtungi. "Imeandikwa?"

"Inasikika."

"Basi iandike. Jambo la kweli huandikwa."

Nikachukua penseli yangu ya shule, na chini ya mwandiko wa baba mdogo nikaandika kwa herufi kubwa za darasa la tatu: Mzee alishinda. Bibi hakujua hata a. Aliweka kidole chake juu ya mstari ule, akakipitisha polepole mpaka mwisho, kama anayepima kitambaa, akasema, "Umekuwa mwalimu, mama." Sijawahi kusifiwa tena nikafurahi kiasi kile.

Walikuja asubuhi moja ya baridi, ukungu ukiwa haujainuka. Yalikuwa malori mawili na Landrova ya visima, iliyoazimwa kwa kazi ile. Kwenye usukani alikaa baba mdogo Gaudensi, na pembeni yake bwana mmoja wa wilayani aliyevaa koti zito. Mgambo walishuka. Baba na mama walikuwa wamekwisha kufunga vyombo, nasi watoto tulikuwa juu ya mizigo. Bibi alitoka kwake amejifunga kitenge kipya. Akaenda mpaka mbele ya yule bwana, akachuchumaa, akamwamkia kwa makofi, taratibu, kama alivyotufundisha.

Yule bwana akasema, "Bibi, toa vyombo."

Bibi akapiga tena. Kwa desturi yetu aliyechuchumaa hainuki mpaka aitikiwe, na sidhani kama yule bwana alijua. Labda alikuwa mtu wa mbali, labda alikuwa na baridi, mimi sijui. Mgambo wakapanda juu ya paa wakaanza kulikata. Manyasi yakaanguka, na masizi ya miaka yote yakawa yanaelea hewani, na bibi bado yuko chini anapiga makofi, ko, ko, ko. Nilimtazama baba mdogo. Mikono yake yote miwili ilikuwa juu ya usukani. Nilifikiri, akiitoa tu pale akapiga mara mbili, bibi atasimama. Alikuwa mwanawe wa kumzaa. Alitazama mbele, kwenye kioo, mahali ambapo hapakuwa na kitu cha kutazama.

Baba ndiye aliyeshuka akamwinua. Bibi alikataa kupanda lori. Walimvuta, akakaa chini, na yule bwana akachoka. "Mwacheni," alisema. "Njaa itamleta." Lori lilipoondoka bibi alinipungia mkono mimi peke yangu. Alikuwa anatabasamu, naye alijua jambo ambalo wao hawakulijua. Nami nilikuwa namtabasamia vile vile, kwa sababu nililijua pia.

Alikaa ndani ya kuta zile bila paa, ameegemeza mabua kwenye kona moja. Baba alimpelekea unga kila alipopata nafasi, na kila mara alirudi na jibu lile lile: yule mzee alingoja, na yeye anangoja, aulizwe mjukuu, imeandikwa. Baba hakunipiga. Mara moja tu alinishika mabega jioni akirudi, akasema, "Nilikuomba neno moja." Kisha akaniachia, akaenda kunawa. Nilitamani anipige.

Mvua za kwanza zilimkuta amekwisha kubomoa na kutandaza nusu ya kilima, peke yake, kwa jembe lililokatika mpini. Siku baba alipomkuta amelala kati ya ntumba mbili, kifua kinakoroma, nilikuwa nimemfuata. Gari halikuwepo. Yale malori tuliyoyaona ni ya kuhamisha watu wazima, si ya kubeba wagonjwa. Baba alimkalisha juu ya kiti cha nyuma cha baiskeli, akamfunga kwenye tandiko kwa kitenge kile kile, akaanza kuisukuma kuelekea mjini, hospitali. Mimi nilitembea pembeni nikimshikilia mguu. Ulikuwa na matope mpaka gotini, na ulikuwa wa moto.

Karibu na nyumba za kwanza za Milanzi alifungua macho. "Mjukuu wangu," aliniita.

"Abee, bibi."

"Yule mzee, alingoja siku ngapi?"

Nilimtazama baba. Alikuwa anasukuma, jasho na mvua vinamchuruzika, hakugeuka.

"Kidogo tu, bibi," nilisema.

"Ah," alisema, ametosheka. Baada ya hapo baba alijua, kwa jinsi uzito wake ulivyoilalia baiskeli, kwamba amekata roho. Hakusimama, kwa sababu hapakuwa na mahali pakavu pa kumlaza. Tukaenda hivyo, watatu, mpaka barazani kwa mtu mmoja wa Milanzi.

Baba mdogo alikuja mazikoni kwa miguu. Watu walipokwisha kutawanyika alichuchumaa kwenye kaburi, akapiga makofi. Alipiga muda mrefu sana, mpaka katekista akamshika mkono akamwinua. Kesho yake alichukua gramafoni na santuri yake. Nilimwona amesimama uani amefungua jalada, anasoma. Aliusoma mwandiko wake, akausoma na wangu chini yake. Akanitazama. Hakuniuliza kitu, wala mimi sikumwambia kitu, na tuliishi hivyo mpaka alipokufa. Tulikutana kwenye harusi na vipaimara, shikamoo baba mdogo, marahaba mwanangu, hujambo, sijambo. Hapo ndipo maneno yetu yalipoishia.

Wiki iliyopita nililipeleka jalada parokiani. Kuna sista mmoja mgeni anayefundisha wasichana ushonaji, na lugha ya karatasi ile ndiyo lugha ya mama yake. Alifurahi kuliona. Alivaa miwani, akafuata wimbo wa tatu kwa ncha ya sindano aliyokuwa ameishika, huku midomo yake ikicheza.

"Mzee anakufa, mama," alisema.

"Wapi?"

"Hapa. Ubeti wa pili. Wanaivunja nyumba naye yumo."

"Kabla ya tarumbeta?"

Alirudisha sindano kwenye mstari. "Ndiyo. Tarumbeta ni majirani wanampeleka makaburini. Kule wanazika hivyo, kwa kucheza." Kisha akainamia karatasi karibu zaidi. "Na hii ya penseli, hii ya kitoto, inasema nini?"

"Ni jina la mwenye santuri," nilimjibu.

Nilimdanganya bila kigugumizi, mbele ya msalaba uliokuwa ukutani, na sikujisikia chochote. Uongo mdogo wa namna hiyo ndio baba aliokuwa ameniomba.

Nyumbani nilichukua raba ya mjukuu wangu, nikakaa dirishani penye mwanga, nikaanza kuufuta mstari wangu. Herufi ya kwanza ilitoka. Ya pili ilitoka pamoja na karatasi yenyewe, maana imechakaa, na kidole changu kikaonekana kupitia tundu. Nikaacha. Mengine yote yanasomeka, na ukiinamisha karatasi kwenye mwanga unaona alama moja hafifu ya masizi juu ya maneno hayo, imeburutwa kutoka mwanzo mpaka mwisho.